Stelingi hafi, lakini wengine je?



Majuzi nilikuwa narudi Kilwa kutoka Dar es Salaam. Basi liliondoka Mbagala alfajiri, na kabla hatujafika Mkuranga kondakta alikuwa amekwisha kuwasha runinga iliyo juu ya dereva na kutuwekea picha ya Kibongo. Anayesafiri mara kwa mara barabara ya kusini anajua jinsi abiria wanavyojigawa. Wako wanaolala, wako wanaosali rozari au kuvuta tasbihi, na wako wanaotazama picha mpaka Nangurukuru. Siku hiyo nilikuwa katika kundi la tatu, na ninaungama hivyo mbele yenu.

Picha yenyewe ilikuwa ya zamani kidogo. Kijana anampenda msichana, na baba wa msichana hataki hata kusikia habari hizo. Baba huyo aliigizwa na Mzee Jengua, ambaye jina lake halisi lilikuwa Mohamed Fungafunga. Alipotokea sebuleni na kuanza kufoka, basi zima liliamka. Pembeni yangu alikaa bibi mmoja wa Kivinje mwenye kapu la vitunguu miguuni. Alicheka mpaka akapangusa machozi kwa ukingo wa kanga.

"Huyu babu nampenda," akaniambia. "Anafoka kama marehemu mume wangu."

Kijana aliyekaa kiti cha mbele akageuka. "Bibi, huyo si stelingi. Stelingi ni yule kijana."

"Mimi sikuuliza nani stelingi, mjukuu wangu. Nimesema nampenda huyu. Yu hai?"

"Alishafariki, bibi. Muda sasa."

Bibi akanyamaza. Akasema Mungu amrehemu, kisha akauliza swali ambalo nimelibeba mpaka leo: "Sasa mbona mimi sikusikia?"

Ndugu msomaji, wewe uliyekulia karibu na kibanda cha video unaijua sheria ya kwanza ya pale: stelingi hafi. Risasi ikimpata, itampata begani. Akitumbukia mtoni, ataibuka mbele. Wengine wote wanaweza kufa, nasi tukaendelea kutafuna karanga. Sheria hiyo tuliipokea kama utani, lakini nadhani tumeikuza mpaka imetoka kibandani na kuingia katika maisha yetu. Tumejifunza kumhesabu mtu mmoja na kuwaacha wengine wapite.

Tazama mwaka 2012. Usiku wa kuamkia Jumamosi Kuu, tarehe 7 Aprili, alifariki Steven Kanumba. Nakumbuka vizuri, kwa sababu sisi mapadre tulikuwa tukiandaa mshumaa wa Pasaka na waamini walifika kanisani wakiwa wanalia. Alipozikwa Kinondoni, maelfu walijaa barabarani na viongozi wa serikali walikuwepo. Ilistahili. Kijana yule alikuwa ameipeleka sanaa yetu mbali, na sina neno juu ya machozi yale.

Lakini miezi mitatu tu nyuma yake, Januari ya mwaka huo huo, alikuwa amefariki mzee mmoja aliyeitwa Fundi Said. Ukilisikia jina hilo huenda usimkumbuke. Nikisema Mzee Kipara, utaiona sura yake mara moja. Alikuwa mmoja wa wazee wa Kaole Sanaa Group, kundi lile lililotuletea michezo ya kuigiza kwenye ITV wakati runinga bado ilikuwa moja kwa mtaa mzima. Kanumba mwenyewe alipitia Kaole, na Vincent Kigosi tunayemwita Ray alipitia huko pia. Vijana walikuwa na sura na ndoto. Wazee walikuwa ndio nyumba ambamo vijana hao waliigizia. Kijana hawezi kuwa mtoto mkaidi mpaka awepo mzee wa kumkaidi. Mchumba hawezi kukataliwa mpaka awepo baba wa kumkataa. Ondoa Mzee Kipara na Mzee Jengua katika michezo ile, utabaki na vijana waliovaa vizuri wakizungumza wenyewe kwa wenyewe.

Nasi watu wa Kilwa tunaye wa kwetu. Said Ngamba, aliyejulikana kama Mzee Small, alikuwa mzaliwa wa huku. Kwa miaka mingi alituchekesha akiwa na Bi Chau, wakiigiza mume na mke katika magomvi ambayo kila nyumba ya pwani iliyatambua kuwa ni yake. Baada ya kuugua kwa muda mrefu alifariki katika Hospitali ya Taifa Muhimbili tarehe 7 Juni 2014. Siku hiyo ilikuwa Jumamosi, mkesha wa Pentekoste. Wazee hawa walikuwa ndugu zetu Waislamu, nami siwataji ili niwafanye Wakristo baada ya kufa. Nawataja kwa sababu kazi yao ilitusaidia sote, na kwa sababu namna tulivyowatendea inatuhusu sote.

Hebu tuseme wazi jinsi kazi hiyo ilivyokwenda. Katika miaka ile picha zilipokuwa zikitoka kila wiki, mtayarishaji alikuwa akiuza kazi yake moja kwa moja kwa msambazaji, na baada ya hapo mauzo yote yalikuwa ya mnunuzi. Kama mtayarishaji mwenyewe hakubaki na kitu, jiulize aliyetokea katika sehemu tatu za picha alibaki na nini. Alilipwa siku ile, akapanda daladala, akarudi nyumbani. Picha ikazunguka nchi nzima, ikavuka mipaka, ikachezwa kwenye mabasi miaka kumi na zaidi. Kila mara alipofoka, sisi tulicheka, na yeye hakupata senti. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki tunayo tangu mwaka 1999, nayo inamtambua mwigizaji pia. Lakini sheria iliyo kabatini haimnunulii mgonjwa dawa.

Mwaka 2018 tuliliona jambo hili kwa Amri Athumani, Mzee Majuto wa Tanga. Huyu hakuwa mtu wa pembeni, alikuwa mfalme wa vichekesho. Alipougua, akapelekwa India kwa matibabu, ndipo taifa likaanza kuuliza: sura hii tunaiona kwenye matangazo kila kona, mikataba yake ilikuwaje? Serikali iliunda kamati ya kuipitia. Mzee Majuto alifariki tarehe 8 Agosti mwaka huo huo. Ikiwa mfalme alihitaji kamati kitandani, walinzi wa mfalme walihitaji nini? Mtume Yakobo, katika sura ya tano ya waraka wake, anasema kwamba ujira wa wavunaji uliozuiliwa una sauti, na sauti hiyo inafika masikioni mwa Bwana. Sidhani kama alimaanisha wavunaji wa ngano peke yao.

Habari hii si ya Tanzania tu. Mwaka 2003 filamu moja ya Kijerumani, Nirgendwo in Afrika, iliyoongozwa na Caroline Link, ilipata tuzo ya Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Inasimulia familia ya Wayahudi iliyokimbia utawala wa Hitler na kuhamia Kenya. Katika familia hiyo kuna mpishi aitwaye Owuor, aliyeigizwa na Mkenya Sidede Onyulo. Mwanzoni mwa hadithi yeye ndiye anayemuuguza baba wa familia akiwa hoi kwa malaria. Yeye ndiye anayekuwa rafiki wa kwanza wa mtoto katika nchi ngeni, na Kiswahili ndicho kinachowaunganisha. Kwa mpangilio wa filamu ni mtu wa pembeni, mpishi. Kwa moyo wa filamu, bila yeye familia ile isingeifahamu nchi iliyoipokea. Onyulo alifariki mwaka 2008. Tuzo ile tumeisikia, lakini jina lake ni wangapi Afrika Mashariki wanaoweza kulitaja?

Sasa turudi kwenye Maandiko, maana huko ndiko niliko na kazi.

Nilipokuwa seminari ndogo, kila mwaka Ijumaa Kuu tuliigiza Mateso ya Bwana. Mwaka wangu wa tatu niliomba niwe Petro. Nikapewa Simoni wa Kirene. Niliposoma karatasi yangu nikaona haina hata neno moja la kusema. Nilikwenda kwa padre mlezi kulalamika. Alinisikiliza, kisha akasema, "Sawa, usiigize. Lakini nionyeshe wewe, msalaba utafikaje juu?" Nilirudi kimya na kuubeba.

Miaka mingi baadaye, nikiwa padre tayari, niligundua jambo ambalo nilikuwa nimelisoma mara nyingi bila kuliona. Marko, katika sura ya 15, hasemi tu kwamba askari walimlazimisha Simoni. Anaongeza kwamba alikuwa baba yao Aleksanda na Rufo. Kwa nini? Maana yake waliokuwa wakisomewa Injili ile waliwafahamu vijana hao. Ni kama kusema, "Mnamjua Rufo wa jumuiya yetu? Basi baba yake ndiye." Na Paulo anapofunga barua yake kwa Warumi anamsalimu mtu aitwaye Rufo pamoja na mama yake, na kusema mama huyo amekuwa mama kwake pia. Wataalamu wa Maandiko wamejadili kama ni Rufo yule yule, na majadiliano hayo hayajaisha. Mimi linanitosha hili: mtu aliyevutwa kutoka njiani, asiyesema neno, Injili imemwandika kwa jina, na watoto wake pia.

Ukitaka, soma leo sura yote ya 16 ya Warumi. Wengi tunairuka kwa sababu ni majina matupu: Foibe, Priska na Akwila, Epaineto, Maria aliyefanya kazi nyingi, Urbano, na wengine zaidi ya ishirini. Katikati yao anajitokeza Tersio, yule aliyekuwa akiandika Paulo anapotamka, naye anaomba nafasi ya kutoa salamu kwa jina lake mwenyewe. Paulo angeweza kumwambia, "Tersio, wewe andika tu, stelingi ni mimi." Hakumwambia. Ile sura ni kama majina yanayopita mwisho wa picha, nalo Kanisa limeyatunza kama Neno la Mungu kwa karibu miaka elfu mbili.

Na kuna la kushangaza kuliko yote. Ile sheria ya kibanda cha video, kwamba stelingi hafi, Injili imeipindua. Hapa ndipo stelingi anapokufa, tena mchana kweupe, na waliobaki wamesimama chini ya msalaba ni watu wa pembeni: wanawake, mwanafunzi mmoja, na baadaye Yosefu wa Arimathaya anayetoa kaburi. Kristo alikufa ili hao wengine, ambao sheria yetu inawaacha wafe bila kuhesabiwa, wapate kuishi. Anayemwamini Kristo na bado anawagawa watu kuwa wa kuhesabiwa na wa kupita, hajaifuatilia hadithi yenyewe.

Desemba 2020, katika barua yake Patris Corde juu ya Mtakatifu Yosefu, Papa Fransisko alikumbusha kwamba walio kivulini, wa safu ya nyuma, wana nafasi isiyo na mfano katika historia ya wokovu. Yosefu mwenyewe hana neno hata moja katika Injili zote nne. Ni mwezi huo huo wa Desemba 2020 ambapo Mzee Jengua alifariki. Ndiyo maana swali la bibi wa Kivinje lilinichoma. Mbona yeye hakusikia?

Lakini lazima niseme jambo hapa, kwa sababu mahubiri ya "ridhika na nafasi yako ndogo" ni matamu sana mdomoni mwa mwenye nafasi kubwa. Tajiri humhubiria mfanyakazi wake unyenyekevu, na paroko humhubiria katekista wake. Yohane Mbatizaji alisema mwenyewe, kwa hiari yake, kwamba yeye apungue ili Kristo azidi. Hakuna aliyempunguza kwa nguvu na kuuita ule utakatifu. Unyenyekevu ni wangu kuuchagua, si wangu kumpangia mwingine. Nikimnyima mtu haki yake kisha nikamsifu kwa uvumilivu, nimemwibia mara mbili.

Nasema haya nikiwa mkosaji. Miaka kadhaa iliyopita, katika parokia niliyokuwa nikiihudumia, tuliadhimisha jubilei. Tulikuwa na katekista wa kigango kimoja ng'ambo ya mto Matandu. Alikuwa amefundisha dini kwa miaka 31. Masika mto ukijaa mimi sikufika, yeye alikuwa huko huko akiongoza ibada, akizika wafu, akifundisha watoto chini ya mkorosho. Wiki sita kabla ya sherehe alikuja parokiani akiwa na kidonda mguuni. Alikuwa na kisukari. Aliniomba gari limpeleke hospitali.

Gari lilikuwa likibeba saruji na viti. Nikamwambia, "Mwalimu, vumilia kidogo, sherehe zipite."

Akasema, "Sawa, Baba."

Siku ya jubilei alikuja akichechemea, akaimba. Tulikuwa tumechapisha kitabu kidogo cha kumbukumbu chenye picha ya askofu, majina ya mapadre wote waliopita na majina ya wafadhili mpaka wa Ulaya. Ukurasa wa mwisho niliandika kwa mkono wangu mwenyewe mstari mmoja: tunawashukuru pia makatekista wetu wote. Alifariki wiki mbili baadaye.

Baada ya arobaini mjane wake alikuja na daftari lililofungwa katika mfuko wa plastiki. Alisema ni mali ya parokia, na atakayefuata atalihitaji. Ndani yake, kwa mwandiko ule ule wa miaka 31, yalikuwa majina ya kila mtoto na mtu mzima aliyemwandaa kwa ubatizo, tarehe, wazazi na wasimamizi. Hakumruka hata mmoja. Wachache walikuwa wamewekewa msalaba mdogo pembeni, ndio waliokwisha kufa. Nililisoma lote usiku ule. Sikuweza kusali masifu ya jioni.

Hapa Kilwa tumezungukwa na funzo hili, tunapita karibu nalo kila siku. Ukivuka kwa mashua kwenda Kisiwani, utaonyeshwa Msikiti Mkuu na jumba la Husuni Kubwa. Ibn Battuta alifika pale mwaka 1331 akaandika habari za sultani na ukarimu wake. UNESCO imeyaweka magofu yale katika urithi wa dunia tangu mwaka 1981. Jina la sultani tunalo. Aliyezamia kuchimba matumbawe, akayachonga yangali laini na kuyapanga mpaka yakawa kuba, jina lake hatunalo. Lakini kilichobaki kimesimama ni kazi ya mikono yake. Ya zamani hatuwezi kuyarudisha. Ya leo yako mikononi mwetu.

Basi nikuombe mambo machache. Katika jumuiya yako, mtafute mtu mmoja ambaye kazi yake unaitegemea na jina lake hulijui kamili. Labda ni anayefagia kanisa, labda ni mama anayepika kwenye kila msiba, labda ni kondakta wa basi unalopanda kila wiki. Ujue jina lake. Kama wewe ni mwajiri, mlipe kabla hajaomba, na umwandikie mkataba anaoweza kuusoma. Kama wewe ni mtayarishaji wa picha, mkumbuke yule mzee wa sehemu tatu. Kama ni kiongozi wa parokia, angalia kama makatekista wako wana bima ya afya. Sisi tulianza kuchangia bima hiyo kwa sadaka ya pili, mara moja kwa mwezi. Ni kidogo, na kwa mmoja tulichelewa.

Na kama wewe mwenyewe ndiye huyo wa pembeni, unayesoma gazeti hili baada ya mwenye nalo kumaliza, sikuambii uridhike. Dai haki yako. Lakini usiamini kwamba kwa Mungu unatazamwa kama unavyotazamwa na watu. Yeye ana daftari, na hamruki mtu.

Basi lilipokaribia Nangurukuru picha ilikwisha, na majina yakaanza kupanda kwenye kioo. Kondakta akanyosha mkono kuzima ili aweke muziki.

"We mwanangu," bibi akamwambia, "acha kwanza. Padri atusomee."

Basi lilikuwa likirukaruka na maandishi yalikuwa madogo. Nilisoma niliyoweza.

Nawatakia Dominika njema.